Mdenmark Aliyeirekodi Simu ya Mama

Watu wakisikia kwamba nimewahi kuwa kwenye filamu hunitazama upya, kama vile nilikuwa nimewaficha kitu. Huniuliza filamu yenyewe inaitwaje, nami huwaambia nimesahau. Sijasahau. Ila nikiitaja wataitafuta kwenye simu zao, wataipata, watamsikia mama yangu akiwa kitandani pa kufia, halafu watarudi kuniambia kwamba ni kitu kizuri sana.

Aliyeitengeneza alikuwa Mdenmark, mwongozaji wa filamu, mtu mrefu wa kuinama milangoni, mwenye nywele nyeupe alizozifunga kisogoni kwa mpira. Nilimfahamu kazini. Nilikuwa nahudumia wazee kwenye nyumba moja ya kutunzia wazee kusini mwa London, na mmoja wa wazee wangu alikuwa mama mzaa mkewe, bibi wa Kiingereza ambaye akili ilikuwa imemtoka akabaki na ukali peke yake. Mkewe hakuweza kumwona mama yake katika hali ile. Alikuwa akifika mlangoni, analia, anarudi. Basi akawa anakuja yeye, mkwe. Alikaa kwenye kiti cha dirishani akinitazama ninavyomwosha yule bibi uso, ninavyomlisha, ninavyomwimbia nyimbo za kanisani kwa Kiswahili, kwa sababu niligundua kwamba akisikia lugha asiyoijua huacha kugomba.

"Unamwambia nini?" aliniuliza siku moja.

"Namwambia Mungu anamwona."

"Anaamini?"

"Haelewi hata neno. Lakini ananyamaza."

Alicheka mpaka akakohoa. Ndipo aliponiambia kazi yake, nami nikadhani ananitania, maana sweta lake lilikuwa limetoboka viwiko vyote viwili.

Alitaka kunipiga filamu nikiwa na wazee. Menija akakataa, kamera isivuke hata mlango wa mbele. Mtu mwingine angeachana na jambo hilo. Yeye aliamua kwamba filamu haitahusu kazi yangu, itanihusu mimi: kituo cha basi asubuhi, jiko langu, kanisa, soko, binti yangu. Nilikubali kwa sababu aliniuliza. Tangu nifike Uingereza nilikuwa nimeulizwa maswali mengi, na yote yalikuwa ya kutaka kujua kama nasema uongo. Ya kwake yalikuwa ya kutaka kujua.

Akaanza kuja kwangu Tooting. Nilipanga vyumba viwili juu ya duka la vitambaa, mimi na binti yangu. Baba yake alikuwa ameshaoa kwingine, Birmingham. Mdenmark alikuja peke yake na kamera ndogo, akaiweka juu ya friji au mapajani, akasubiri. Watu wa filamu, nilikuja kujua, kazi yao kubwa ni kusubiri. Alisubiri mwanga, alisubiri mvua iache, alisubiri mimi nisahau kwamba yupo. Na katika kusubiri huko, huku akila maharage yangu ya nazi kwa chapati, alinisimulia maisha yake.

Alizaliwa kwenye mji wa bandari kaskazini kabisa mwa Denmark, mahali ambapo upepo, alisema, hufanya miti iote imelala upande mmoja. Baba yake alifanya kazi kwenye machinjio ya nguruwe. Alirudi nyumbani ananuka sabuni, na chini ya sabuni ananuka damu. Mama yao alikufa mapema, wakabaki yeye na dada yake mkubwa, na baba aliyezungumza pale tu palipokuwa na lazima. Alipokua alikimbilia Copenhagen, akapata kazi ya kuosha mikanda ya filamu kwenye maabara. Chuo cha filamu kilimkataa, akaomba tena, kikamkubali.

Filamu yake ya kwanza ilikuwa fupi, ya rangi nyeusi na nyeupe, na ndani yake alikuwamo mtu mmoja tu: baba yake, mzee na mgonjwa, jikoni kwake, akijaribu kufungua kopo la samaki kwa mikono iliyokuwa imekufa ganzi kwa miaka ya kukata nyama kwenye baridi. Hakuweza kulifungua. Akalia. Filamu hiyo ilizungushwa nchi nyingi, na kijana wa machinjioni akawa mtu anayejulikana.

"Na baba yako aliipenda?" nilimuuliza.

"Alikuwa mtu wa maneno machache," akajibu, akaomba chapati nyingine.

Filamu ya pili ilikuwa na waigizaji, habari ya madada wanaogombea nyumba ya urithi. Hiyo ndiyo iliyomleta London. Akaoa mshonaji wa mavazi ya filamu, Mwingereza, akapewa filamu kubwa ya vita yenye nyota ambao hata mimi niliwajua sura. Hapa sauti yake ilikuwa inabadilika. Alinisimulia jambo hili mara nyingi kuliko mengine yote. Walipomaliza kupiga picha, wenye filamu walimnyang'anya. Wakaikata na kuiunganisha wenyewe, wakabadilisha mwisho, wakaweka muziki wa kulizia watu.

"Walinialika kwenye onyesho kama mgeni," alisema. "Nikakaa kwenye kiti nikatazama kitu chenye jina langu ambacho si changu. Unaelewa hilo linavyomfanya mtu?"

Macho yake yalikuwa yamelowa. Nilimwekea mkono begani. Nilimwambia pole, na pole ile ilitoka moyoni.

Baada ya hapo ikawa matangazo ya biashara. Siagi, bima, magari. Halafu hata matangazo yakaisha, simu ikaacha kulia, akabaki kumtembelea mama mkwe asiyemjua.

Binti yangu alimpenda Mdenmark. Ndiyo kwanza alikuwa ameanza sekondari, umri wa kumwona kila mtu mzima mjinga, lakini yeye hakumwona mjinga. Mdenmark alimwachia ashike maikrofoni. Alimuuliza maoni yake, akayasikiliza. Mimi nilimsemesha mwanangu kwa Kiswahili, naye kama kawaida yake akanijibu kwa Kiingereza, na Mdenmark akafurahia jambo hilo kama mtu aliyeokota kitu njiani. "Mnazungumza kama watu wawili walio kwenye kingo mbili za mto," alisema. Mimi sikuona la kufurahia.

Mwaka wa pili wa filamu, mama aliugua. Alikuwa Korogwe, kwa kaka yangu. Tumbo lilivimba, wakampeleka hospitali, hospitali ikawaambia wamrudishe nyumbani. Pasi yangu ilikuwa uhamiaji pamoja na maombi ya kuongezewa kibali. Nilipiga simu, niliandika, nilikwenda na karatasi za daktari. Niliambiwa nisubiri. Ningeondoka bila jibu nisingerudi, na mwanangu alikuwa hapa.

Ilikuwa Jumamosi mchana, mvua inanyesha. Nilikuwa nakanda unga wa chapati, binti yangu yuko sakafuni na madaftari yake, Mdenmark yuko kwenye pembe ya jiko na kamera. Simu ikalia. Mikono yangu ilikuwa imejaa unga, nikaiacha mezani nikaifungulia kwa kifundo cha kidole, sauti ikatoka hadharani.

"Dada," alisema kaka yangu, "zungumza naye. Nimemwekea simu sikioni."

Nikasikia pumzi. Zilikuwa zinakwenda kwa shida, kama mtu anayekokota gunia.

"Shikamoo mama."

Hakuitikia.

"Mama, ni mimi. Nakuja. Wakinipa tu pasi yangu nakuja."

"Usije," alisema.

"Mama."

"Usije. Wewe ulishanizika siku uliyopanda ndege."

Nikamsikia kaka akisema, "Mama, usiseme hivyo," halafu simu ikakwaruzakwaruza na kukatika. Kabla jua halijatua kule Korogwe, mama alikuwa ameshakata roho.

Nilipoinua kichwa niliona taa nyekundu ya kamera. Mdenmark alikuwa nyuma yake analia, machozi yanamshuka mpaka kidevuni. Lakini mkono wake haukutikisika hata kidogo.

"Zima," nikamwambia.

"Nimezima."

"Hiyo isionekane."

Aliiweka kamera chini, akaja, akanishika mikono yangu yenye unga. "Haitaonekana. Nakuahidi. Hiyo ni yako."

Sikwenda kuzika. Watu wa kanisani walikuja, wakakaa sakafuni, wakapika chai, wakaimba. Mdenmark naye alikuja, bila kamera, akabeba viti kutoka kwa jirani ngazi zote zile. Nalisema hili kwa sababu ni kweli.

Kuikata na kuiunganisha filamu kulichukua zaidi ya mwaka. Onyesho la kwanza lilikuwa Jumapili alasiri, kwenye ukumbi mzuri katikati ya jiji. Nilishonewa kitenge na mama mmoja wa Kikongo wa kanisani kwetu, mtu wa Bukavu, na yeye mwenyewe alikuja akakaa upande wangu wa kulia. Binti yangu alikaa kushoto. Mwanzoni ilikuwa raha. Watu walicheka nilipokuwa nabishana na mwenye duka, Mhindi wa Tooting aliyezaliwa Mwanza, kuhusu mihogo iliyooza katikati. Niliona aibu na fahari pamoja.

Halafu likatokea jiko. Niliitambua mvua dirishani kabla sijajitambua mwenyewe.

Pumzi za mama zilijaa ukumbi. Spika zilikuwa kubwa, zilitoka pande zote, hata nyuma yetu. "Usije," alisema mama yangu, na chini ya picha yakaja maandishi ya Kiingereza kwa ajili ya wasiojua lugha. Nilikuwa na macho, nikasoma. Yalisema: usihangaike kuja, mwanangu, tulishaagana siku ile ulipopanda ndege.

Ukumbi mzima ukaanza kuvuta makamasi. Mwanamke wa mbele yangu alitoa kitambaa. Walikuwa wanalia kwa uzuri wa mama anayemwachilia mtoto wake kwa amani. Mama wa Bukavu, aliyesikia Kiswahili, alinishika paja akalibana mpaka kucha zikaingia kwenye kitenge. Na binti yangu, ambaye siku ile sakafuni alikuwa na madaftari yake na hakufuatilia, sasa alikuwa anasoma, maana Kiswahili chake ni cha chakula na kutumwa dukani tu. Akaniegemea begani, akaninong'oneza kwa Kiingereza kwamba Bibi alikuwa na roho nzuri sana.

Filamu ilipokwisha walisimama wakapiga makofi. Mdenmark alipanda jukwaani, akaniita kwa jina langu, akilitamka vibaya kama siku zote. Niliondoka kwa mlango wa vyooni. Nilisimama kituoni na kitenge changu kipya nikisubiri basi, na binti yangu alikuja baadaye ananikimbilia, amekasirika, kwamba nimemwaibisha.

Kipande cha ile simu hakikukaa ukumbini. Kilikatwa, kikasambazwa, kikapita simu hadi simu mpaka Korogwe. Kaka yangu alinipigia akiwa ameshatulia, na utulivu wake ulinitisha kuliko kelele.

"Dada, umemuuza mama."

"Sijalipwa kitu."

"Basi umemtoa bure. Hiyo ni mbaya zaidi."

"Mwenye filamu aliniahidi haitaonekana."

"Mimi niliwaambia watu wote hapa kwamba mama alikubariki kabla hajafa. Nilisema msibani, mbele ya mchungaji. Sasa kila mtu sokoni amesikia alichokuambia." "Usinipigie tena."

Nilikwenda kwa Mdenmark. Nyumba yake ilikuwa mlimani, Forest Hill, na bustani iliyoachwa iote itakavyo. Mkewe alinifungulia, akanitazama usoni, akapanda juu asirudi. Yeye alikuwa jikoni, na magazeti yaliyomsifu yako mezani.

"Uliniahidi," nikasema.

"Niliahidi, na nilikusudia. Niliitoa kabisa. Miezi yote ile filamu haikuwa na ile simu, na ilikuwa maiti. Siku moja nikairudisha, nione tu."

"Na maneno? Nani aliyatafsiri?"

"Mwanafunzi mmoja wa Kitanzania."

"Hajui Kiswahili?"

"Anajua. Yeye aliyaandika sawasawa. Mimi niliyabadilisha."

Kumbe alijua. Nilikuja nikidhani nitamweleza kosa, na kumbe hapakuwa na kosa.

"Watazamaji wangemchukia," alisema. "Nilimlinda mama yako."

"Mama yangu hakukuomba umlinde. Alikuwa na hasira. Alinisomesha, akaniuguza, akafa mimi sipo. Hasira ile ilikuwa yake. Hata hiyo umemnyang'anya."

Aliweka mikono yote miwili juu ya magazeti. "Ni kitu bora kuliko vyote nilivyowahi kufanya," alisema polepole, kama mtu anayeomba ahurumiwe.

"Hukufanya wewe. Wewe ulikuwa umesimama tu pale."

Nilimwambia aitoe sasa. Akasema haiko mikononi mwake tena, filamu ni ya waliotoa fedha, imeshauzwa huku na huku. Nikamuuliza kama anakumbuka alichonisimulia kuhusu filamu ya vita, jinsi alivyokaa kwenye kiti akatazama kitu kisicho chake. Alikumbuka, niliona usoni. Akageuka kutazama bustani.

"Si mambo yanayofanana," akasema.

Niliondoka bila kuaga.

Filamu ilimfufua. Ilizunguka, ikapata tuzo, na kwao Denmark walimpokea kama mtoto aliyerudi. Gazeti moja lilisema amekuwa kijana tena. Akapewa fedha za filamu mpya, ya waigizaji, kwenye kisiwa kimoja cha kwao. Hakufika nusu. Mapafu yalikuwa yameoza kwa sigara alizoacha akiwa amechelewa, na akarudishwa London kulala hospitali.

Mkewe alinipigia kwamba mumewe anataka kuniona. Nilimwambia niko kwenye shifti. Alipiga tena, nikamwambia niko kwenye shifti, na ilikuwa kweli, ila ruhusa ningeweza kuomba na sikuomba. Binti yangu alikwenda. Alikuwa msichana mkubwa sasa, anajiandaa kuomba chuo. Alirudi macho mekundu, akaingia chumbani kwake akafunga mlango.

Mdenmark alipokufa nilisoma habari zake kwenye simu, wakati wa mapumziko ya kazi. Waliandika machinjio, waliandika kopo la samaki, waliandika filamu ya vita iliyoharibiwa na watu wengine. Mwishoni waliandika juu ya mhudumu mmoja mhamiaji kutoka Afrika, na kwamba marehemu aliwapa sauti wasio na sauti. Sauti nilikuwa nayo. Nilimwambia zima.

Kwenye mazishi nilikwenda kwa ajili ya binti yangu. Huko hawakuzika, walichoma. Baada ya maombi mafupi tulisimama nje kwenye kokoto, na mwanamke mzee mwenye mabega mapana akanijia. Alikuwa dada wa marehemu. Kiingereza chake kilikuwa kidogo, alikitoa neno moja moja.

"Wewe ndiye wa simu," alisema.

"Ndimi."

"Alikuambia kuhusu baba yetu? Filamu ya kopo?"

"Aliniambia."

"Alikuambia baba alisemaje?"

"Alisema alikuwa mtu wa maneno machache."

Akatikisa kichwa. "Baba aliiona kwenye televisheni ya jirani. Majirani wote walikuwapo. Alirudi nyumbani akabadilisha kitasa cha mlango. Aliishi miaka mingi baada ya hapo, na kaka yangu hakuingia tena mle ndani, hata siku tulipomtoa baba akiwa ndani ya jeneza. Mimi nilikuwa nampelekea chakula." Alinitazama kama anayetaka nimpe kitu, lakini sikuwa nacho. Tukashikana mikono.

Tulirudi kwa basi, mimi na binti yangu, tukakaa ghorofa ya juu, mbele kabisa. Halafu akaniambia, kwa Kiingereza, kwamba ameandika kuhusu Bibi kwenye maombi yake ya chuo cha filamu. Ameandika jinsi Bibi alivyonisamehe kwa simu, na kwamba ndiyo iliyomfanya atake kazi hii.

Nilikuwa nimelibeba neno lile miaka yote hiyo, na maneno ya yule dada bado yalikuwa masikioni mwangu. Nikamwambia.

"Bibi hakusema vile. Yale maandishi yalibadilishwa. Alisema, wewe ulishanizika siku uliyopanda ndege."

Nilidhani ataniuliza maana ya kuzika. Hakuuliza. Alitazama mbele, mvua inafutwa na kufutwa kiooni.

"Najua," alisema, na mara hii alisema kwa Kiswahili. "Aliniambia hospitali."

"Alikuambia yeye?"

"Aliniambia yote. Aliomba msamaha kwangu, kwa sababu wewe hukuja." Halafu akarudi kwenye Kiingereza chake, ambako anajua kujitetea. Alisema amefikiri sana, na ameamua kuacha aliyoyaandika kama yalivyo. Alisema Bibi wa kweli hakumjua, hakuwahi kumshika wala kumwona. Bibi pekee aliyenaye ni yule wa kwenye filamu, na yule alisema tulishaagana.

"Lakini ni uongo," nikamwambia.

"Ni mzuri zaidi, Mama."

Alilisema kwa upole, kama ninavyosema na wazee wangu. Basi lilipofika Tooting tulishuka, akanishikia mkoba, tukapita dukani kununua mchicha. Chuo kilimkubali. Pasi yangu ilikuwa imesharudi zamani, lakini Korogwe sijakwenda, maana kaka hapokei simu na sijui nitafikia kwa nani.